Miezi Mitatu Angani: Niliyojifunza Nikitunga Kalenda ya Dunia Isiyokuwepo

Nafundisha hisabati katika sekondari moja hapa Songea, na jioni nikishamaliza madaftari ya wanafunzi naandika riwaya ya vijana. Mambo yake hutokea kwenye sayari ya kubuni niliyoiita Andule, yenye miezi mitatu angani. Wenyeji wake huitaja miezi hiyo kama ndugu wa ukoo: Bibi, mkubwa mwenye mwendo wa taratibu, Kitukuu, mwenye mbio, na Mgeni, anayechomoza magharibi na kutua mashariki. Sura za mwanzo niliwapa wanafunzi wa klabu ya uandishi wazisome. Msichana wa kidato cha tatu akanyoosha mkono: "Mwalimu, huyu baba analipwa kwa mwezi. Mwezi wa nani kati ya hawa watatu?"

Darasa lilicheka, lakini swali lilikuwa la haki kabisa. Dunia ya kubuni inaweza kuwa na nyoka wanaozungumza na mito inayopanda mlima, na msomaji akakubali yote. Mshahara usipojulikana unalipwa lini, hakubali. Nikaiweka riwaya pembeni, nikachukua kikokotoo. Yafuatayo ndiyo mafunzo niliyoyapata.

1. Mvua na madeni kwanza, miezi baadaye

Ukitaka kutunga kalenda, mkono unakimbilia kuchora anga. Uzuie. Anza na mambo ambayo watu wako wanaogopa kuyachelewa.

Vitabu vingi vya shule vinatufundisha masika na vuli. Hapa Songea vuli hatuna. Tuna msimu mmoja wa mvua, unaoanza Novemba au Desemba na kuisha Aprili au mapema Mei, halafu unakuja ubaridi wa Juni na Julai, halafu jua la Septemba na Oktoba linalokausha kila kitu hadi miteremko ya Matogoro. Mkulima wa mahindi anaupanga mwaka wake humo: shamba litayarishwe kabla ya mvua, mbegu iingie na mbolea ya kupandia, palizi, mbolea ya kukuzia, kisha subira ndefu mpaka mavuno. Baada ya hapo magunia yasubiri mnunuzi, awe NFRA, wakala wa taifa wa hifadhi ya chakula, au mchuuzi mwenye lori. Kila hatua ina deni lake. Januari, shule zinapofunguliwa na mzazi anadaiwa sare na madaftari, mahindi yako magotini shambani na mfukoni hakuna kitu. Kalenda ya ofisini inasema mwaka unaanza Januari 1. Mfuko wa mkulima wa Ruvuma unaanza Juni.

Kwa hiyo kabla ya kugusa mzunguko wowote niliandika orodha: Andule wanapanda lini, wanavuna lini, nani anamdai nani, kodi inakusanywa na nani, maiti wanaombolezwa muda gani. Orodha hiyo ikanipa kisa ambacho nisingekipata kwa kuchora duara. Mfanyabiashara wa mbegu anamkopesha mkulima, wanakubaliana alipe "baada ya miandamo kumi". Mkulima alimaanisha miandamo ya Bibi, yaani karibu siku 360, mavuno yakiwa yameshaingia ghalani. Mfanyabiashara alimaanisha ya Kitukuu: siku 42 hivi, mahindi yakiwa bado hayajatoa mbelewele. Sura ya tano yote ni kesi hiyo mbele ya baraza, na mpaka leo wanafunzi wangu wamegawanyika kuhusu hukumu.

2. Mzunguko na mwandamo ni hesabu mbili

Mwezi wetu huizunguka dunia kwa siku 27.3 ukipimwa kwa nyota. Lakini kutoka mwandamo hadi mwandamo zinapita siku 29.5. Tofauti hiyo inaletwa na dunia yenyewe, ambayo nayo inatembea kulizunguka jua: mwezi ukimaliza duara lake unakuta jua limeshasogea mbele angani, na unalazimika kuongeza mwendo wa siku mbili na kidogo ndipo uandame tena.

Andule niliipa mwaka wa siku 400, na Bibi anazunguka kwa siku 33. Zidisha 33 kwa 400, gawanya kwa 367, yaani 400 toa 33. Unapata siku 35.97 kati ya mwandamo mmoja na mwingine. Kitukuu anazunguka kwa siku 4.125, na mwandamo wake unarudi kila baada ya siku 4.17.

Kwa nini nisiandike 36 na 4 tu, nikalale? Hilo tulilijaribu ubaoni. Kwa kuwa 36 inagawanyika kwa 4 bila baki, Bibi na Kitukuu wakipevuka pamoja mara moja, watapevuka pamoja kila mara, milele. Kigawe Kidogo cha Shirika, ile KDS ya shule ya msingi, cha 36, 4 na 400 ni 3,600. Maana yake kila baada ya miaka tisa anga lote linajirudia siku kwa siku. Dunia ya namna hiyo haihitaji mnajimu wala mzee mwenye kumbukumbu, na hakuna wa kudanganya kuhusu tarehe kwa kuwa kila mtoto anaijua.

Desimali zilileta watu. Kwa namba nilizochagua, Bibi na Kitukuu hupevuka wote wawili usiku wa mwaka mpya mara moja tu kila miaka 33. Andule wanauita usiku huo Mkutano. Mtu huuona mara moja au mbili maishani; anayeuona mara tatu hupewa kiti barazani hata kama hana kauli. Kisha hesabu ikanipa zawadi ambayo sikuitafuta: miaka minane baada ya Mkutano, wawili hao hupevuka tena pamoja, ila wamechelewa kwa usiku mmoja. Ni Mkutano wa bandia. Nadhani unaweza kukisia ni mtawala wa aina gani anatangaza kwamba usiku huo ndio wenyewe.

3. Baki ndiyo yenye hadithi

Hili ndilo funzo kubwa kuliko mengine, na ningebakizwa na moja ningelichagua hili.

Miandamo 12 ya mwezi wetu ni siku 354. Mwaka wa jua ni siku 365 na robo, pungufu kidogo. Zinabaki siku 11 hivi ambazo hazina pa kukaa. Kila taifa lililowahi kutunga kalenda limelazimika kuamua zitupwe wapi, na uamuzi huo unalieleza taifa hilo kuliko bendera yake.

Kalenda ya Hijria iliamua kuziacha. Mwezi unafuatwa, jua linaachwa liende zake, na Ramadhani inatembea ndani ya misimu yote. Ramadhani ya 1992 ilianza Machi, mvua za Songea zikiwa bado zinanyesha. Ile ya 2025 nayo ilianza Machi. Katikati ya miaka hiyo 33 watu walifunga katika baridi ya Juni, katika joto la Oktoba, na katika kila kilichopo katikati. Wababiloni na Wayahudi waliamua kuziba pengo: ndani ya miaka 19 mna miandamo 235, ambayo ni saba zaidi ya 12 mara 19, basi miezi saba ya ziada inachomekwa humo ili sikukuu za mavuno zisihame msimu wake. Warumi walilitupa pengo kwa kuutupa mwezi wa angani. Januari yenye siku 31 haimjali kabisa aliyeko juu, na hiyo ndiyo tuliyorithi ofisini.

Nilitaka wanafunzi waione tofauti kwa tarehe wanayoijua. Kila Februari 27 mji wetu unawakumbuka mashujaa wa Majimaji walionyongwa na Wajerumani mwaka 1906, na makumbusho yao yako hapa hapa mjini, Mahenge. Kwa hesabu ya mwezi, siku hiyo ya 1906 iliangukia mwanzoni kabisa mwa Muharram ya mwaka 1324, ambayo watu wa pwani huiita Mfungo Nne. Jioni ile mwezi ulikuwa mwembamba, wa siku chache. Kama kumbukumbu ingefuata mwezi, ingekuwa inarudi nyuma siku 11 kila mwaka, na leo wajukuu wangekuwa wameshaadhimisha kwenye matope ya Januari na kwenye vumbi la Septemba. Kwa kufuata jua, inabaki daima katika majira yaleyale, mahindi yakiwa mabichi. Mwanafunzi mmoja akasema kwamba hiyo ni bora, maana wale waliouawa waliyaacha mashamba katika hali hiyo. Mwingine akasema hapana, mwezi ungekuwa bora kwa kuwa usiku wa kumbukumbu ungefanana na ule wa 1906. Sikuamua. Niliwaambia kila mmoja aandike ukurasa mmoja kuutetea upande wake.

Andule, miandamo 11 ya Bibi ni siku 395.6, na baki ni siku nne na theluthi hivi. Ni ndogo, kwa hiyo watu huipuuza, na hapo ndipo inapojijenga. Ndani ya miaka 33 inatimia miandamo minne kamili. Kwa hiyo kila miaka minane hivi, mara moja tisa, mwezi wa kumi na mbili unaongezwa. Niliupa sheria moja tu: katika mwezi wa ziada hakuna kodi ya nyumba wala ya shamba. Kutokana na sheria hiyo, wenye nyumba wote wa Andule wakawa wataalamu wa nyota kwa usiku mmoja, wakithibitisha kwa michoro kwamba mwezi wa ziada usubiri mwaka mwingine. Wapangaji nao wakaajiri mnajimu wao.

Kuna baki nyingine ndogo inayosahauliwa: umri. Shujaa wangu ana miaka 15 ya Andule, yaani siku 6,000. Kwa miaka yetu ni zaidi ya 16. Nilirudi nikampa busara kidogo zaidi.

4. Kila mwezi na kazi yake

Riwaya nyingi za dunia za kubuni zinaichanganya miezi yote katika jedwali moja kubwa. Sioni watu wakiishi hivyo. Watu wanaishi na kalenda kadhaa kwa wakati mmoja, kila moja na shughuli yake, na hawachanganyikiwi.

Mfano uko pwani yetu. Kwa karne nyingi Waswahili waliishi na hesabu mbili, baadaye tatu. Ya ibada ilifuata mwezi: baada ya Ramadhani inakuja Mfungo Mosi, Mfungo Pili, Mfungo Tatu wa kuhiji, hadi Mfungo Tisa, kisha Rajabu na Shaabani. Ya bahari na shamba ilifuata jua, ikianzia Nairuzi, siku ya mwaka mpya: siku zilihesabiwa kwa miongo, kumi kumi, miongo 36 na siku tano juu yake, jumla 365. Nahodha alijua kwa mwongo ni lini kaskazi inakata na kusi inashika, na mkulima alijua ni lini apande. Makunduchi, Unguja, mwaka huo bado unakogwa kila Julai. Kwa kuwa hauna siku ya nyongeza kila mwaka wa nne, unateleza siku moja dhidi ya kalenda ya Kizungu kila miaka minne, na haujamkosesha mtu usingizi. Ya tatu ililetwa na ofisi, barua na mishahara. Mtu mmoja, siku moja, tarehe tatu.

Nikaigawa kazi Andule kwa mtindo huohuo. Kilimo ni cha jua, siku 400. Bibi ana kodi, arobaini ya maiti na ibada. Kitukuu ana gulio: soko linafanyika kila anapoandama, yaani kila siku ya nne, na kila baada ya magulio sita hivi inaongezwa siku moja ili soko lisimkimbie. Gulio la siku nne si ndoto. Wakikuyu walikuwa nalo, na Waigbo wa Nigeria wana wiki ya siku nne mpaka leo. Mgeni ana saa. Anapita juu mara mbili kwa siku, na walinzi wa usiku hubadilishana zamu kwa kumtazama.

Majina ya siku niliyaazima namna yake kutoka kwa Waborana wa kaskazini mwa Kenya na kusini mwa Ethiopia. Wao wana majina 27 ya siku, lakini mwezi wao unafuata mwandamo wa siku 29 au 30. Majina yanakwisha kabla ya mwezi, yanaanza upya, na kila mwezi unaanza kwa jina tofauti na uliotangulia. Andule ina majina 34. Mtoto akizaliwa, jina la siku na umri wa Bibi usiku huo vinatosha kumtambulisha kwa miaka mingi bila kuandika mwaka wowote.

5. Hesabu giza

Funzo hili sikulipata mezani. Nililipata Mbamba Bay, kwenye Ziwa Nyasa, nilikokwenda kwa shughuli nyingine kabisa. Wavuvi wa usipa huingia ziwani usiku na taa. Samaki wanafuata mwanga, wavu unapita chini yao. Mbalamwezi ikitanda taa inakosa nguvu, samaki wanatawanyika, mitumbwi inabaki ufukweni na watu wanashona nyavu. Nilimuuliza mzee mmoja mwezi wake wa kazi unaanza tarehe ngapi. "Giza likiingia, mwalimu," akanijibu, akishangaa kidogo kwamba nauliza. "Mbalamwezi ni likizo."

Nilikuwa nimejaza Andule mianga mitatu bila kufikiria ni nani anaumia. Nikakaa nikahesabu usiku ambao Bibi yuko ndani ya siku tatu za mwandamo wake, na Kitukuu ndani ya nusu siku ya wake. Nilipata kama 16 kwa mwaka mzima wa siku 400. Hebu fikiria uvuvi wa taa wenye usiku 16 wa kazi! Wavuvi hao wangekufa njaa, au wangebuni njia nyingine ya kuvua. Wezi wangekuwa na ratiba inayojulikana na kila askari. Wapenzi vilevile. Wanyama wa porini wanaowinda gizani wangekula kwa siku chache na kufunga kwa nyingi.

Basi usiku wa giza ndio nilioupa majina ya pekee, mmoja mmoja, na kalenda ya wavuvi wa Andule haina kitu kingine ndani yake. Inaning'inia nyuma ya mlango, ina mistari 16, na hawamwonyeshi mtoza kodi.

6. Fizikia ina masharti

Umbali na mwendo vimefungwa pamoja. Johannes Kepler alilionyesha hilo mwaka 1619. Mwezi unaozunguka mara nane haraka zaidi lazima uwe kwenye robo ya umbali, kwa kuwa nane kipeo cha pili ni 64, na 64 ni nne kipeo cha tatu. Ndiyo maana nilimpa Kitukuu siku 4.125, sehemu ya nane ya 33. Kwa sayari yenye uzito wa dunia yetu, Bibi yuko kilomita 436,000 na Kitukuu 109,000. Huwezi kuamua vyote viwili kwa kupenda kwako.

Hata uwiano safi una masharti yake. Galileo alipoielekezea Mshtarii darubini Januari 1610 aliona miezi minne. Mitatu kati yake, Io, Europa na Ganymede, inakwenda kwa uwiano wa karibu kabisa na moja kwa mbili kwa nne, na kwa sababu ya kuvutana kwao haiwezi kamwe kupanga mstari yote mitatu upande mmoja. Anayetaka anga lenye nidhamu aende akasome huko.

Maji kujaa na kupwa nako kuna siri nzuri. Miezi miwili ya mawe ya aina moja, ikionekana kwa ukubwa uleule angani, inavuta maji kwa nguvu ileile, hata mmoja ukiwa mdogo na karibu na mwingine mkubwa na mbali. Jua letu na mwezi wetu vinakaribia kulingana machoni, lakini jua ni jepesi kwa ujazo wake, kwa hiyo mvuto wake kwenye maji haufiki hata nusu ya ule wa mwezi. Na ukubwa wenyewe machoni hubadilika: Septemba 1, 2016 watu walikusanyika Rujewa, Mbarali, kutazama jua likipatwa, na mwezi, kwa kuwa ulikuwa mbali kuliko kawaida, ulishindwa kulifunika lote ukaacha pete. Bibi na Kitukuu niliwapa ukubwa sawa machoni. Matokeo yake, wanajipanga mstari mmoja kila baada ya siku mbili na theluthi hivi, na pwani ya Andule inapata bamvua zake kwa kasi hiyo. Maji mafu ya siku kadhaa, ambayo mvuvi wa Kilwa anayazoea, huko hayajulikani.

Mgeni anazunguka kwa saa nane, haraka kuliko sayari inavyojizungusha, ndiyo maana anachomoza magharibi. Phobos, mwezi wa Mirihi, hufanya hivyohivyo: unazunguka kwa saa saba na dakika 39. Mwezi ulio karibu kiasi hicho huingia kwenye kivuli cha sayari kila unapotaka kupevuka. Nilipunguza mwinamo wa Andule uwe nyuzi 15 ili hilo litokee mwaka mzima, na likanipa mila nzima: hakuna mtu aliyewahi kumwona Mgeni mpevu. Huzimika kabla. Dini mbili za Andule zimegombana kwa miaka mingi kuhusu sura yake kamili.

7. Lazima awepo wa kutangaza

Anga halitangazi kitu. Kuna mtu anasimama na kusema mwezi umeandama, na watu wanakubali au wanakataa. Waislamu wa Afrika Mashariki wanalijua hili kwa undani: wako wanaosubiri tangazo la Mufti, wako wanaofuata mwandamo ulioonekana Makka, na mara nyingine nyumba mbili zinazotazamana zinakula Idi kwa siku tofauti. Usipoonekana, siku 30 zinakamilishwa.

Songea, Februari, wingu likikaa juu ya Matogoro unaweza kupita usiku mwingi bila kuiona nyota moja. Nikaliweka wingu hilo Andule, palepale wakati baraza linapotakiwa kuamua kuhusu mwezi wa ziada. Kanuni yao haisemi nini kifanyike. Mgogoro wa riwaya nzima unaanzia kwenye wingu hilo.

8. Jedwali libaki kwenye droo

Shaaban Robert aliijenga nchi ya Kusadikika angani bila kumpa msomaji ramani wala jedwali, na ikasimama. Mimi ninayo majedwali ya kujaza daftari kubwa. Kwenye riwaya yameingia mambo machache: deni la miandamo kumi, kodi, gulio, orodha ya wavuvi. Na mshahara wa yule baba. Analipwa kwa mwezi wa Bibi, na mkewe anakwenda sokoni kwa Kitukuu, kwa hiyo pesa inakwisha kabla ya gulio la tisa. Msichana wa kidato cha tatu alisema sasa anaelewa.

Msomaji wa Songea anayetaka kuanza kalenda yake hahitaji kikokotoo siku ya kwanza. Mwaka una siku mbili ambazo jua la adhuhuri hupita utosini kwetu, karibu na Februari 21 na Oktoba 21. Chomeka kijiti wima kwenye uwanja tambarare na ukitazame. Oktoba, kivuli kitatoweka kama saa sita na dakika 20 mchana. Februari, karibu saa saba kasoro dakika kumi. Andika tarehe, kisha hesabu siku mpaka hilo litokee tena msimu uleule. Chagua Oktoba, maana Februari mawingu yatakuangusha.